Mombasa, Mji Uliojengwa na Kungoja Pepo

Neno msimu leo tunalitumia kwa maembe, kwa mpira na kwa watalii. Asili yake ni baharini. Mausim kwa Kiarabu ni wakati maalumu, na kwa mabaharia wa Bahari ya Hindi ulikuwa wakati wa kufungua safari. Wareno walilichukua neno hilo wakalipeleka Ulaya, na hadi leo wanasayansi wa hali ya hewa wanapozitaja pepo zinazogeuka mara mbili kwa mwaka wanatumia msimu huohuo, ila matamshi yamepinda.

Naanzia hapo kwa sababu historia ya Mombasa tumezoea kuisimulia kama orodha ya waliofika: Waarabu, Waajemi, Wahindi, Wareno, Waomani, Waingereza. Mimi naona kufika si jambo kubwa. Kilichotufanya tuwe mji wa namna hii ni kwamba waliofika hawakuweza kuondoka siku waliyotaka. Walikaa miezi wakingoja upepo ugeuke, na katika kungoja huko ndimo zilimozaliwa ndoa, madeni, lugha na hata mpango wa vyumba vya nyumba zetu.

Tuanze na pepo zenyewe. Kaskazi hushika baina ya mwisho wa Novemba na Machi. Bara la Asia hupoa wakati huo, hewa yake huwa nzito na kutiririka kuelekea kusini penye joto. Inapotufikia ni upepo wa kutoka kaskazini mashariki, wa wastani, na bahari huwa tulivu. Kuanzia Aprili mambo hugeuka. Asia hupashwa joto, hewa yake hupanda, na nafasi hujazwa na hewa inayovutwa kutoka kusini mwa ikweta. Hiyo ndiyo kusi. Kwetu Mombasa, digrii 4 kusini mwa ikweta, hufika kutoka kusini mashariki. Ikishavuka ikweta, mzunguko wa dunia huipinda kulia, ikawa upepo wa kusini magharibi. Chukua ramani uufuate mstari huo kwa kidole: chombo kikitoka Mombasa na kusi hupata upepo wa tezi, yaani wa nyuma, hadi Uarabuni, na kule upepo unapopinda, omo, yaani sehemu ya mbele ya chombo, huelekea India pasipo nahodha kupigana nao. Kaskazi ikishika, njia hiyohiyo hurudiwa kinyume.

Baina ya pepo hizo mbili kuna wiki kadhaa za tanga mbili, au maleleji, upepo unapokosa msimamo: leo shwari, kesho unatoka huku, keshokutwa kule. Hizo ndizo wiki mbaya kuliko zote za kuwa katikati ya bahari.

Kusi nayo si moja. Ina mwanzo, ina kati, ina mwisho. Mwanzo wake, Aprili hadi mapema Mei, ni mlango wa kwanza wa kutokea. Juni na Julai huvuma kwa nguvu mno, na huko pwani ya magharibi ya India mawimbi na dhoruba zilikuwa zikizifunga bandari kabisa. Aliyeondoka hapa Juni alifika haraka sana mahali asipoweza kuingia. Mlango wa pili ni demani, Agosti na Septemba, kusi inapolegea lakini haijafa. (Demani ni jina la majira, na pia ni jina la kamba inayoshika tanga upande wa nyuma.) Kwa hiyo ukisoma kwamba jahazi ziliondoka na kusi, uliza ni kusi ipi. Tofauti yake ni miezi minne ya kula, kulala na kulipa watu.

Mkondo wa maji nao una neno lake. Kwenye mwambao wa Kenya mkondo huenda kaskazini karibu mwaka mzima, na wakati wa kusi huwa mkali sana, unaweza kufika noti 4, yaani maili 4 za baharini kwa saa. Wakati wa kaskazi hudhoofika, na kutoka pwani ya Somalia hushuka mkondo mwingine ukielekea kusini hadi miwili hiyo ikutane karibu na pwani yetu ya kaskazini. Chombo kilichotoka Uarabuni na kaskazi kilipata upepo na maji pamoja karibu hadi Lamu. Kuanzia hapo kwenda kusini kilibaki na upepo tu, maji yakikipinga.

Mtu anaweza kuuliza kwa nini hawakupiga bisha tu, yaani kwenda mshazari dhidi ya upepo wakibadili upande, kidogo kidogo hadi wafike. Jibu liko kwenye foromali. Tanga la jahazi hufungwa kwenye mti mrefu unaokaa mshazari juu ya mlingoti. Ili kubadili upande, foromali lazima lisimamishwe wima na kuzungushwa mbele ya mlingoti, na tanga lote lihamishiwe ng'ambo ya pili. Katika chombo kikubwa hiyo ni kazi ya mabaharia wengi, na upepo ukiwa mkali foromali likiponyoka linavunja mlingoti au linaua mtu. Kufanya hivyo mara moja au mbili kwa siku kunawezekana. Kufanya hivyo kwa maili 2,000 hakuna nahodha mwenye akili aliyethubutu. Walisema kawia ufike, na walimaanisha hivyo hasa.

Hesabu hiyo ya miezi ndiyo iliyopanga miji. Chombo cha kutoka Uarabuni au Ghuba ya Uajemi kiliweza kushuka na kaskazi, kikafanya biashara, kikarudi na kusi ndani ya mwaka mmoja, mradi kisivuke mbali kusini. Kilwa iko karibu na mwisho wa uwezo huo. Sofala, ilikotoka dhahabu ya Zimbabwe, iko nje yake: aliyetaka kwenda na kurudi alihitaji misimu miwili. Basi vyombo vya Waswahili wenyewe vilileta dhahabu Kilwa, na wageni wakaikuta hapo. Utajiri wa Kilwa wa karne ya 13 na 14 hauelezeki bila kalenda hiyo. Mombasa, Malindi na Lamu zilikuwa na nafuu zaidi, kwani mgeni aliyefika Januari alikuwa na miezi mitatu mizima kabla ya mlango wa kwanza. Aliyekosa mlango huo, au aliyekuwa bado hajalipwa, alikaa hadi demani.

Hebu fikiria mji mdogo wa kisiwani unaopokea mamia ya watu watakaokaa miezi mitatu hadi minane. Hawawezi kulala chomboni. Chombo chenyewe kinahitaji matengenezo: wakati wa bamvua hupandishwa ufukweni maji yakiwa juu kabisa, maji yakitoka hulazwa ubavu, hukwanguliwa, hutiwa kalafati ya kuziba nyufa, na chini hupakwa deheni, yaani mafuta ya wanyama yaliyopondwa na chokaa, ili wadudu wanaotoboa mbao wasipate njia. Mbao za juu hupakwa sifa, mafuta ya ini la papa. Upande mmoja ukiisha hugeuzwa. Asiyemaliza kabla maji mafu hayajaingia hungoja bamvua lijalo, karibu wiki mbili nyingine. Mji ulilazimika kuwa na mafundi, kamba, miti na ufukwe ulio wazi.

Mgeni naye alihitaji ghala, maji matamu, chakula na mtu wa kumwamini. Hapo ndipo alipoingia mwenyeji. Nyumba kubwa za mawe za mwambao zina daka, yaani ukumbi wa mlangoni, penye baraza, na nyingi zina sabule, chumba cha wageni kinachofikiwa bila kupita ndani kwenye familia. Mgeni alilala hapo, mali yake ikawekwa hapo, na mwenyeji ndiye aliyemtafutia wanunuzi na kusimama naye penye ugomvi. Mali iliyobaki msimu unapofunga iliachwa kwa mwenyeji iuzwe, hesabu ifanywe mwakani. Deni la namna hiyo haliendi bila dini moja, lugha moja na aibu moja. Ndiyo maana nasema Uislamu na Kiswahili vilishika mizizi mirefu pwani, vikabaki vyembamba bara kwa karne nyingi: bara hakuna upepo wa kumkalisha mfanyabiashara miezi mitano mlangoni pako. Wengi walioa hapa, na watoto walikua wakimwona baba msimu kwa msimu, wakilelewa na mama zao na wajomba kwa lugha ya mama.

Nyumba hizo nazo zina hali ya hewa ndani ya kuta zake. Ukuta ni wa mawe ya matumbawe na chokaa, mnene karibu nusu mita, kwa hiyo joto la mchana huchelewa kuingia. Dari hubebwa na boriti za mikoko, na kwa kuwa mti wa boriti una urefu wake, vyumba vya zamani ni virefu lakini vyembamba, upana wake mita 2.5 hadi 3 tu. Huwezi kutanua chumba kuliko mti unavyofika. Boriti hizohizo zilipakiwa kwa korija, yaani ishirini ishirini, zikapelekwa Ghuba ambako miti ya kujengea ni haba, na huko nako zikaamua upana wa vyumba.

Chokaa ilichomwa kwenye tanuu la magogo yaliyopangwa duara, matumbawe juu yake. Kazi hiyo ilitaka kiangazi. Mvua ikilinyeshea tanuu, moto hupungua na mawe ya katikati hubaki mabichi, na yale yaliyoiva hulowa na kupasuka kabla hayajakusanywa. Baada ya kuzimwa kwa maji, chokaa huachwa iive kwa muda mrefu kabla ya kujengea. Paa la juu ni kokoto na chokaa iliyopigwapigwa siku nyingi hadi ishikane. Adui wa nyumba hizi ni maji yanayotuama juu ya paa: hupenya hadi kwenye ncha za boriti zilizozikwa ukutani, na boriti huoza pale usipoweza kupaona. Ukimwona mtu anakarabati nyumba ya Mji wa Kale kwa kuipaka saruji, mzuie kama unaweza. Saruji haipumui, unyevu na chumvi hufungiwa ndani, na baada ya miaka michache lipu huanguka na vipande vya ukuta.

Sasa tuwaangalie waliokataa kungoja, maana hao wametuachia tarehe kamili. Vasco da Gama alifika Mombasa 7 Aprili 1498, hapakukalika, akaenda Malindi. Akaondoka huko 24 Aprili akiwa na rubani aliyepewa na mfalme wa Malindi. Wengi husema rubani huyo alikuwa Ahmad ibn Majid, baharia mashuhuri Mwarabu, nami sioni ushahidi wa kutosha. Wareno wa karne ya 16 wenyewe waliandika kuwa alikuwa Mgujarati. Vyovyote vile, huyo rubani aliujua mlango wa kwanza wa kusi. Tarehe 20 Mei walitia nanga karibu na Calicut, India. Siku 26.

Kurudi, da Gama hakungoja. Aliiacha pwani ya India 5 Oktoba, katikati ya tanga mbili, kaskazi ikiwa bado haijashika. Walikutana na shwari na upepo wa omo, na hawakuiona pwani ya Somalia hadi 2 Januari 1499. Karibu miezi mitatu. Watu wapatao 30 walikufa njiani kwa ugonjwa wa fizi unaotokana na kukosa matunda na mboga, na kila chombo kikabaki na watu saba au wanane tu wenye nguvu za kufanya kazi. Walipofika Malindi 7 Januari kitu cha kwanza walichotaka ni machungwa. Mbele kidogo, kusini mwa Mombasa, walikichoma moto chombo chao São Rafael kwa sababu hawakuwa tena na mabaharia wa kuendesha vyombo vitatu. Laiti wangengoja India hadi Desemba, kaskazi ingewaleta kwa wiki chache. Nahodha yeyote wa Calicut angeweza kuwaambia.

Miaka 30 baadaye Nuno da Cunha, akienda kuwa gavana wa India, alichelewa njiani akakosa kusi. Alihitaji mahali pa kukaa hadi msimu ufunguke, akaichagua Mombasa kwa bunduki, Novemba 1528. Mji uliporwa na kuchomwa, na alipoondoka Machi 1529 alikuwa amezika watu wake wengi waliokufa kwa maradhi. Naye alingoja upepo kama wafanyabiashara wengine wote, ila wenyeji hawakumkaribisha sabuleni.

Ngome ya Wareno ya Mombasa, Fort Jesus, iliyoanza kujengwa 1593, ilianguka kwa kalenda ileile. Waomani waliizingira kuanzia Machi 1696, baada ya kuteremka na kaskazi. Makao makuu ya Wareno yalikuwa Goa, India, na msaada wa kutoka Goa ungeweza kuja na kaskazi tu. Kamanda aliyeishiwa chakula mwezi wa Mei alijua kwamba hata barua yake ikifika India na kusi, jibu haliji kabla ya Desemba. Msaada wa kwanza ulifika Desemba 1696. Merikebu Santo António de Tanna ilizama mbele ya ngome Oktoba 1697, na mabaki yake yakachunguzwa na wapiga mbizi wa akiolojia miaka ya 1970. Desemba 1698, baada ya miezi 33, Waomani waliingia. Kikosi kingine kutoka Goa kilitokea siku chache baadaye, kikaona bendera imebadilika.

Pepo hizi hazikubeba tende na boriti peke yake. Zilibeba pia watu waliouzwa, wakishushwa pwani kutoka bara na kupakiwa kuelekea Uarabuni na Ghuba. Tarehe za safari zao ni hizihizi za kusi, na anayeisifia biashara ya jahazi bila kuwataja anaficha nusu ya shehena.

Mvua ina habari yake. Ibn Battuta, msafiri wa kutoka Morocco aliyepita hapa 1331, aliandika kwamba watu wa Mombasa walikula ndizi na samaki, na nafaka ililetwa kutoka bara. Kisiwa hakijilishi. Masika yakikosekana kwa Wamijikenda, Mvita nayo hulala njaa, hata kama bandari imejaa vyombo. Matope ya chini ya Ziwa Naivasha, yanayosomwa tabaka kwa tabaka, yanaonyesha kipindi kirefu cha ukame takriban 1560 hadi 1625. Katikati yake, mwaka 1589, Wazimba, wapiganaji wa kutoka upande wa Zambezi, walitokea kusini wakaufikia mji huu. Sisemi ukame ndio uliowaleta. Kulikuwa na vita na biashara ndani yake. Lakini mwanahistoria anayeisoma karne hiyo bila kuuliza mvua ilikuwaje anasoma ukurasa mmoja kati ya miwili.

Sasa hesabu ya miongo, yaani kuhesabu siku za mwaka kumi kumi ili kujua majira, maana watu wengi hukosea. Mwaka wa mabaharia na wakulima wa pwani huanza Nairuzi, siku ya mwaka, inayoangukia Julai siku hizi. Kuanzia hapo unahesabu kumi kumi. Kila kumi ni mwongo. Miongo 36 ni siku 360, na siku 5 za mwisho hukaa peke yake. Tuseme Nairuzi ni 23 Julai: mwongo wa 11 huanza 31 Oktoba, wa 20 huanza 29 Januari, wa 27 huanza 9 Aprili, mvua za masika zikiwa zinaingia. Tatizo ni kwamba mwaka huu una siku 365 kamili, hauna siku ya kuongeza kila baada ya miaka minne. Kwa hiyo Nairuzi hurudi nyuma siku moja kila miaka minne. Katika miaka 200 umerudi siku 48, karibu miongo mitano. Mtu aliyekariri kutoka kwa wazee wa karne ya 19 kwamba jambo fulani hutokea mwongo fulani, akalitumia leo bila kusahihisha, atapanda mbegu zake kwa kosa la mwezi mzima au zaidi, kisha alaumu hali ya hewa.

Wazee hawakukosea hivyo kwa sababu waliangalia pia juu. Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Nyota hizo hupotea kwenye mwanga wa jua mwisho wa Aprili na kuonekana tena alfajiri mwezi wa Juni, na hilo halina haja ya kalenda. Kilimia kilisahihisha miongo, na miongo ilihesabu siku ambazo mawingu yalikificha Kilimia.

Kungoja kulianza kufa 1869 Mfereji wa Suez ulipofunguliwa, na zaidi 1872 meli za moshi za kampuni ya British India zilipoanza kupita Aden na Zanzibar kila mwezi. Reli ilianza kujengwa hapa 1896, na Kilindini, yenye kina, ikaipokonya kazi Bandari ya Kale. Mgeni wa meli ya moshi hakuhitaji sabule. Alihitaji hoteli ya usiku mmoja.

Pepo zenyewe hazikwenda popote. Wavuvi wetu hadi leo hutoka nje ya miamba wakati wa kaskazi, na kusi ikikaza hubaki ndani, na bei ya samaki hupanda sokoni. Kinachohitaji macho zaidi sasa ni vuli. Maji ya magharibi mwa Bahari ya Hindi yanapopata joto kuliko ya mashariki, vuli hufurika, kama 1997 na 2019, yakipoa, hukauka. Kati ya 2020 na 2022 misimu mitano ya mvua ilifuatana ikikosa katika sehemu kubwa ya Kenya.

Mwenye babu au mjomba aliyewahi kuwa nahodha, serahangi au mvuvi, akae naye na daftari amuulize haya: Nairuzi aliihesabu siku gani, na mwaka gani alipojifunza? Pepo za umande na matlai alizitofautishaje alfajiri? Na mwongo wa ngapi alikataa kutoka, hata bahari ikionekana shwari?